Baba mkubwa Ben afe ukurasa wa ngapi?

mkono_wa_kushoto

Wakuu, habari za jioni. Naomba msaada kwa wanaochora komiki na wanaozisoma kwa makini.

Nachora upya hadithi ya mwanzo ya Spider-Man. Ni mazoezi, siuzi. Nimejiwekea mpaka wa kurasa 22, kama matoleo mengi ya Marvel yalivyokuwa kwa miaka mingi, kwa sababu nataka nijifunze kubana. Nimemaliza penseli ya kurasa 14 na Ben, mzee anayemlea Peter Parker, kijana atakayekuwa Spider-Man, bado yu hai. Anacheka, anatafuta miwani yake, anamwita Peter aje amsaidie kushika ngazi. Zimebaki kurasa nane, na ndani ya hizo nane anatakiwa afe, Peter amkimbilie muuaji, amtambue kuwa ni mwizi aliyewahi kumwacha apite, kisha arudi akiwa mtu mwingine. Siku nne sijagusa karatasi.

Nieleze nilivyokwama. Hadithi ya kwanza kabisa, ile ya Stan Lee na Steve Ditko kwenye Amazing Fantasy namba 15 ya Agosti 1962, ina kurasa 11 tu. Humo ndani kuna mvulana anayechekwa na wenzake, buibui mwenye mionzi, mieleka ya pesa, televisheni, mwizi, kifo na majuto. Ben ana fremu chache mno. Anamtania mkewe May asimnenepeshe mtoto, maana hata sasa akishindana naye mieleka anamweza kwa shida. Kuna mahali yeye na May wanampa Peter hadubini aliyokuwa akiitamani. Basi. Habari nyingine tunayoipata juu yake inatoka mdomoni mwa polisi aliyesimama nje ya nyumba. Hatumwoni akifa.

Halafu mwaka 2000 wakaja Brian Michael Bendis na Mark Bagley na Ultimate Spider-Man. Yale yale ya kurasa 11 wao wakayatandaza kwenye matoleo saba, zaidi ya kurasa 150. Ben wao ana nywele ndefu za mvi amezifunga nyuma, anaongea, anabishana, anamsikiliza kijana wake. Nilipoisoma mara ya kwanza nililia, sioni haya kusema. Nilipoirudia ile ya 1962 sikulia, ila nilikaa nayo siku nzima kifuani kama mtu aliyemeza kitu kikagoma kushuka. Mpaka leo sijui ipi kati ya hizo mbili ndiyo nataka kuifanya.

Kuna jambo jingine. Karibu sote tunaandika "Mjomba Ben" na "Shangazi May". Lakini Ben ni Parker, ndugu wa baba yake Peter. Huyo si mjomba, ni baba mkubwa, na May ni mama mkubwa. Kiingereza kina neno moja kwa wote hao, nasi tumelipokea bila kuuliza ni wa upande gani. Nilipoandika "baba mkubwa" kwenye kiputo cha kwanza cha maneno, hadithi nzima iliongezeka uzito. Peter si kijana anayefadhiliwa na jamaa. Ni mtoto anayefiwa na baba mara ya pili.

Mimi nililelewa na baba mkubwa tangu nina miaka sita. Alikuwa hasemi jambo zito kabla ya kufuta miwani yake kwa pindo la shati. Ben wangu nimempa miwani hiyo na tabia hiyo. Ndiyo maana kumuua ukurasa wa 15 kunanishinda, na ndiyo maana nahofia nimempa kurasa 14 kwa ajili yangu mimi, si kwa ajili ya hadithi.

Maswali yangu: nikate mwanzo, au nimwue haraka? Kifo kionekane au kisionekane? Na huyu buibui, nimwache na mionzi yake ya 1962 au nimfanye wa vinasaba vilivyobadilishwa maabara kama walivyofanya mwaka 2000?

wino_mweusi

Kata, dada. Kata bila huruma.

Superman alipoanza, Action Comics namba 1, Juni 1938, Jerry Siegel na Joe Shuster walimaliza asili yake yote kwenye ukurasa mmoja. Sayari inakufa, mwanasayansi anamtia mwanawe mchanga kwenye chombo, dereva aliyekuwa akipita anamwokota, mtoto anapelekwa kituo cha yatima, anakua, anaapa kusaidia wanyonge. Humo sayari haina jina na akina Kent, wazazi wake wa kulea, hawapo kabisa. Batman naye alipata kurasa mbili, Detective Comics namba 33, Novemba 1939, miezi sita baada ya kutokea mara ya kwanza. Wazazi wanapigwa risasi, mtoto anapiga magoti kando ya kitanda na mshumaa unawaka, anaapa, anakua, popo anaingia dirishani. Kwisha.

Na usidhani ufupi ni wa zamani tu. Mwaka 2005 Grant Morrison na Frank Quitely walianza All-Star Superman kwa ukurasa mmoja wa fremu nne, na kwa Kiingereza ni maneno manane tu. Sayari iliyohukumiwa. Wanasayansi walio taabani. Tumaini la mwisho. Mume na mke wema. Fungua ukurasa wa pili na Superman tayari yuko kazini. Ile fremu ya nne nimeitazama mara nyingi kuliko vitabu vizima: wazee wawili wameinama, wanatutazama sisi, na sisi ndio tumelala mahali pa mtoto.

Msomaji wako anajua Ben atakufa. Anajua kabla hujachonga penseli. Sasa kurasa 14 unamficha nini? Ningekuwa wewe ningempa Ben kurasa tatu, kifo nusu ukurasa, na zilizobaki zote ningempa Peter.

sauti_ya_pili

Mkuu wino_mweusi, nakuheshimu lakini hapo sikubaliani. Kujua si kuona. Sote tunajua Ben anakufa, na bado Bagley alitutoa machozi.

Zile fremu nne za Quitely zinatembea kwa miguu ya wengine. Zinawezekana kwa sababu watu walikuwa wameshaisimulia hadithi hiyo kwa miaka 67, ndefu na fupi, nzuri na mbaya. Mpe fremu hizo mtu ambaye hajawahi kumsikia Superman uone kama ataelewa yule mtoto ni nani.

Urefu si dhambi. Swali ni urefu umeleta nini. Chukua Batman: Year One, matoleo manne, namba 404 hadi 407, mwaka 1987, Frank Miller na David Mazzucchelli. Mwaka 1939 Bruce, yaani Batman mwenyewe, ameketi, dirisha liko wazi, popo anaingia, Bruce anasema hiyo ndiyo ishara. Mazzucchelli alipolichora upya tukio hilo, Bruce ametoka kupigwa vibaya usiku wake wa kwanza. Ameketi kwenye chumba cha baba yake, damu inamtoka, na karibu na mkono wake kuna kengele. Akiipiga, Alfred, mtumishi wake, atakuja na atapona. Haipigi. Anazungumza na baba yake aliyekufa, anamwambia kwamba kama hatapata njia basi na afe hapo hapo. Ndipo popo anavunja kioo na kuingia.

Popo ni yule yule. Kilichoongezwa ni kengele, na ndani ya kengele kuna uamuzi. Kurasa za namna hiyo mimi hazinichoshi hata ziwe mia.

Kisha tazama urefu unaoharibu. John Byrne ni mtu mmoja. Mwaka 1986 alisimulia upya Superman kwa matoleo sita, The Man of Steel, na mabadiliko yake makubwa yalikuwa ya kiutu: wazazi wa kulea, ambao kabla ya hapo walikuwa wakifa kabla Clark, mtoto wao, hajawa Superman, yeye aliwaacha hai, ili Superman awe na mlango wa kubisha anapochoka. Wengi waliofuata wakaijenga nyumba yao juu ya msingi huo. Mwaka 1998 huyo huyo akaja na Spider-Man: Chapter One, na safari hii akaunganisha mambo ambayo hayakuhitaji kuunganishwa. Ajali iliyompa Peter nguvu ikawa ndiyo iliyomzaa adui yake Doctor Octopus. Kila kitu kikajuana na kila kitu. Dunia ya Peter ikawa chumba kidogo. Wasomaji wengi hawakuipenda, na mimi ni mmoja wao.

Kwa hiyo dada, usihesabu kurasa. Chukua hizo 14, na kwa kila moja jiuliza kama ina kengele.

kalenda

Mimi nijibu la buibui tu. Mwache na mionzi au mpe vinasaba, hakuna atakayekasirika. Mwaka 1962 watu waliogopa mionzi, mwaka 2000 waliogopa maabara za vinasaba, na buibui alifuata hofu. Ni sehemu ya hadithi inayobadilika kirahisi kuliko zote. Tabu iko kwa mashujaa waliozaliwa ndani ya vita halisi. Tony Stark, yaani Iron Man, alijeruhiwa Vietnam kwenye Tales of Suspense namba 39, Machi 1963. Mwaka 2005, kwenye hadithi ya Extremis, Warren Ellis na Adi Granov wakalihamishia jeraha hilo Afghanistan. Mwaka 2019 Marvel wakatunga vita vya nchi ya kubuni, Siancong, ili wasilazimike kuhama tena. Magneto, yule wa X-Men, hawawezi kumfanyia hivyo. Yeye alikuwa mtoto kwenye kambi za Wanazi, na ukimtoa hapo unakuwa umemtoa yeye mwenyewe.

La pili, kwa haraka: Ben anaweza pia asife. Jonathan Hickman na Marco Checchetto, Ultimate Spider-Man ya 2024. Peter ni mtu mzima, ana mke na watoto wawili, na nguvu anazipata ukubwani. Ben yu hai, aliyekufa ni May. Nilidhani nitaichukia. Sikuichukia hata kidogo.

mkono_wa_kushoto

Ahsanteni sana. Hiyo ya 2024 naifahamu na naipenda, lakini sitaki kumwacha hai. Ningetaka, na ndiyo sababu sitaki.

Nimefanya jaribio la kengele usiku huu. Kati ya kurasa 14, saba hazina kitu. Ngazi haina kitu. Kuna ukurasa mzima Ben anatafuta miwani, ni mzuri kwa macho, hauna kitu. Ukurasa wa 5, ambapo Peter anapewa hadubini, nilidhani unacho, lakini nikiutazama sana naona ni furaha tu. Familia nzuri inampa mtoto zawadi nzuri. Hauumi popote. Nimeuchora mara tatu.

mzee_wa_herufi

Salaam kwenu wote. Mimi si mchoraji. Kwa miaka mingi kazi yangu imekuwa kuandika herufi kwenye viputo, kwa hiyo kurasa za watu nimezipitia sentensi kwa sentensi, na nimezoea kutazama nini kimetangulia nini.

Mwanangu, umesema kuna mahali Ben na May wanampa Peter hadubini. Umesema vizuri, lakini hukusema ni mahali gani. Rudi kwenye ile ya 1962, uisome kwa kidole.

Peter anatoka kwenye onyesho la televisheni. Mwizi anakuja mbio kwenye korido, polisi nyuma yake anapiga kelele amzuie. Peter anasimama pembeni. Mwizi anaingia kwenye lifti, mlango unafunga. Polisi anamkemea, Peter anamjibu kwamba hiyo si kazi yake, kwamba kuanzia sasa anajijali yeye mwenyewe. Nakuomba uone jinsi Ditko alivyolichukulia jambo hilo kikawaida. Hakuna fremu kubwa, hakuna ngurumo. Ni lifti inafunga mlango.

Na ni baada ya hapo, mwanangu, si kabla, Peter anafika nyumbani ameshalisahau tukio lenyewe, na wazee wanampokea kwa mshangao: hadubini yako hii hapa. Peter anawashukuru, na moyoni anawaza kwamba hawa ndio watu pekee waliowahi kumtendea wema, kwamba atahakikisha wanaishi kwa furaha siku zote, na dunia iliyobaki ishike njia yake. Fremu chache tu. Kisha siku kadhaa za umaarufu, kisha gari la polisi mbele ya nyumba.

Wewe umeiweka zawadi ukurasa wa 5, kabla ya lifti. Hapo ni zawadi kweli, na ndiyo maana haikuumi. Iweke baada ya lifti. Mwizi ameshapita. Risasi imeshaanza safari. Ben, ambaye hajui lolote, anamkabidhi zawadi mtu aliyemfungulia njia muuaji wake, naye Peter anaipokea akiapa kuwatunza. Hapo kila tabasamu la Ben lina kengele ndani yake, na huhitaji kumwongezea hata neno moja.

Kuhusu kifo kuonekana: ukishaweka mambo kwa mpangilio huo, kukionyesha ni kumsaidia msomaji pale ambapo hakuomba msaada. Polisi anatosha. Wengi waliowahi kufiwa waliambiwa na mtu aliyesimama mlangoni.

Na jambo la mwisho, la kazi yangu. Ile kauli maarufu kwamba penye uwezo mkubwa lazima paje na wajibu mkubwa, mwaka 1962 Ben hakuisema. Haiko kwenye kiputo. Iko kwenye maelezo ya msimulizi, fremu ya mwisho kabisa, Peter akiwa umbo dogo linalopotelea gizani. Baadaye wakampa Ben aiseme, na imekuwa desturi. Ukimpa aiseme, Ben anakuwa mwalimu, na Peter anakuwa mwanafunzi aliyefeli. Ukimnyima, Peter hakufundishwa sentensi yoyote. Alilelewa tu, akapewa hadubini, na sentensi ikaja yenyewe ikiwa imechelewa. Wewe ndiye mchoraji, amua. Mimi ningemnyima.

sauti_ya_pili

Mzee, shikamoo. Nimeisoma hadithi hiyo labda mara hamsini na sikuwahi kuona kwamba lifti inatangulia hadubini. Nimetoka kuifungua sasa hivi. Ni kweli.

wino_mweusi

Nami nimefungua. Narudisha nusu ya maneno yangu. Mpe Ben kurasa tano, si tatu.

mkono_wa_kushoto

Mzee, shikamoo sana. Sikulala.

Nimepanga upya kila kitu sakafuni. Zile saba zisizo na kengele nimezitoa, nimezifunga kwa mpira, nimeziweka mbali. Buibui amebaki na mionzi. Lifti iko ukurasa wa 9, na nimejitahidi iwe ndogo: fremu tatu kwenye ukurasa wa fremu sita, mwizi haonekani vizuri uso, mlango unafunga, taa ya namba inashuka. Peter ananyoosha soksi ya vazi lake. Hata hamwangalii.

Hadubini imehamia ukurasa wa 10. Nilipoichora mahali pake papya mkono ulikuwa mzito, na nimegundua kwamba siwezi tena kumchora Peter usoni kwenye ukurasa huo. Kila nikijaribu, anaonekana anajua, na hatakiwi kujua. Kwa hiyo kamera iko nyuma yake muda wote. Tunaona kisogo chake na nyuso za wazee wawili.

Kauli kubwa nimemnyima Ben. Nilikuwa nimeshaiandika, kwa herufi nzuri, ukurasa wa 12. Niliifuta kwa raba polepole, na sikuweka kitu mahali pake kwa sababu hapakuwa na kitu cha kuweka.

Ukurasa wa 13 ni polisi mlangoni. Mimi niliambiwa na jirani, amesimama kizingitini, kofia ameishika kwa mikono miwili. Polisi wangu ameishika vivyo hivyo.

Ila miwani nimeibakiza. Mwisho wa ukurasa wa 10 Peter anasema ahsante baba mkubwa, na Ben anaivua, anaifuta kwa pindo la shati kana kwamba anataka kusema jambo zito. Halafu anainama, na kwa pindo lile lile anafuta kioo cha hadubini, maana kuna alama ya kidole chake juu yake.

Penseli imekwisha. Kesho naanza wino.